Mwongozo kwa Mwandishi Mgeni Anayekuja Ifakara Kuchimbua

Hongera kwa kuchagua Ifakara. Ukitaka habari ya uchunguzi, Bonde la Kilombero halitakunyima. Kuna wakulima na wafugaji wanaogombania ardhi ileile, kuna mashamba makubwa yanayobadilisha wenyewe, kuna mipaka ya hifadhi inayosogea mwenye shamba akiwa amelala, kuna miwa ya Kidatu na bei yake, kuna magogo yanayosafiri usiku tu. Mwongozo huu umeandikwa kwa ajili yako wewe usiye na wasiwasi. Mwenye wasiwasi hauhitaji. Yeye kabaki Dar es Salaam anaandika habari za ufunguzi wa semina, na usiku analala.

Tuanze na malazi. Gesti za Kibaoni ni nzuri na bei yake si mbaya. Mhudumu atakuletea daftari la wageni lenye safu zake: jina, kabila, kazi, unakotoka, unakokwenda, saini. Kwenye safu ya kazi tulia kidogo. Ukiandika "mwandishi wa habari", kuna watu watajua kabla hujamaliza kuoga, kwa sababu daftari hilo husomwa pia na wasiolala gesti. Ukiandika "mfanyabiashara", umeshadanganya na kazi yenyewe haijaanza. Wengi huandika mfanyabiashara. Ifakara imeshapokea wafanyabiashara wengi sana wasiouliza bei ya mchele.

Uongo huo una ukoo wa heshima. Mwaka 2008 Vicky Ntetema, wakati huo akiongoza ofisi ya BBC Dar es Salaam, alikwenda Kanda ya Ziwa akajifanya mfanyabiashara anayesaka utajiri, akaingia kwa waganga kuchunguza biashara ya viungo vya watu wenye ualbino. Aliyorudi nayo yaliitikisa nchi. Vitisho vikafuata, ikabidi akajifiche, na mwaka 2010 akapewa tuzo ya kimataifa ya ushujaa. Uongo wake mimi nausamehe mara mia, maana watu walikuwa wanauawa na watoto wanakatwa mikono. Tatizo ni kwamba kila mmoja wetu akishika ile kalamu ya gesti iliyofungwa kwa uzi hujiona Vicky Ntetema, hata kama anachokwenda kuchunguza ni zabuni ya choo cha soko.

Asubuhi nenda ukaripoti. Mtendaji atakupokea vizuri, utamwamkia, atakuuliza barua. Unayo ya mhariri. Hiyo haitoshi, panda kwa mkurugenzi. Mkurugenzi yuko kikaoni Morogoro, nenda kwa katibu tawala. Katibu tawala atakuuliza kwa upole kabisa: "Kwani mnataka kuandika kuhusu nini hasa, ndugu mwandishi?" Hapo una njia mbili. Useme kweli, na unayemchunguza apate taarifa kabla ya chakula cha mchana. Au useme umekuja kuandika mafanikio ya kilimo, upewe gari, dereva na ofisa wa kukusindikiza ambaye hatakuacha hata ukienda msalani. Ukiendelea kusumbua, kumbuka Sheria ya Tawala za Mikoa ya 1997 inampa mkuu wa wilaya uwezo wa kumweka mtu ndani hadi saa 48. Malazi hayo hayana daftari la kabila na kazi, wanakujua tayari. Kitambulisho cha Bodi ya Ithibati ya Waandishi wa Habari tembea nacho muda wote. Kinasaidia sana kuandika jina la aliyekamatwa bila kukosea herufi.

Sasa tufike kwenye kiini, yaani chanzo.

Chanzo chako hakitakuwa mtu mkubwa. Wakubwa wana wasemaji. Chanzo chako ni karani wa masijala, mlinzi wa geti, mgambo aliyekuwamo kwenye msako, kijana aliyeshika kamba siku mpaka unapimwa. Anaijua siri kwa sababu ndiye aliyetumwa kuitoa fotokopi. Atataka mkutane nyuma ya mashine ya kukoboa mpunga, jioni, wakati mashine inanguruma na pumba zinaruka mpaka kwenye nyusi. Mahali pazuri, hakuna anayeweza kusikiliza. Wewe mwenyewe utasikia nusu. Atakuja na baiskeli, kwenye keria kaweka mfuko wa mchele kilo kumi, na karatasi ziko chini ya mchele ndani ya nailoni. Hatakupa mara moja. Atakupa mfuko wote, atakwambia ukaupepete nyumbani. Kisha atauliza swali lake moja: "Jina langu halitatoka?" Utamjibu: "Halitatoka, kaka." Mtapeana mikono.

Basi. Hayo ndiyo makubaliano yote mliyofanya juu ya kazi yake, nyumba yake ya shirika, ada za watoto, na pengine shingo yake. Ni maneno mawili na salamu ya mkono, kwenye kelele.

Nalisema hili kwa sababu uko Ifakara, na Ifakara ni mji wa ajabu katika jambo hili. Tangu miaka ya 1950, Mswisi Rudolf Geigy alipoweka hapa maabara ambayo baadaye ikawa Taasisi ya Afya Ifakara, watu wa bonde hili wamepimwa, wamehojiwa, wamehesabiwa na kutobolewa vidole kuliko watu wa karibu wilaya yoyote ya Tanzania. Watoto wa kijiji cha Idete ndio waliojaribiwa chanjo ya malaria ya SPf66. Matokeo yakachapishwa mwaka 1994, kinga kama asilimia 31. Vijiji vya huku vinajulikana na wataalamu wa mbu wa dunia nzima. Na kwa hiyo mtoto wa Ifakara huijua fomu ya ridhaa kabla hajaijua fomu ya kujiunga na kidato cha kwanza.

Fomu hiyo husomwa kwa sauti, kwa Kiswahili, taratibu. Inaeleza utafiti ni wa nini, sindano itauma wapi, faida ni ipi, hatari ni ipi, nani atajua jina lako na nani hatajua. Inasema unaweza kujitoa wakati wowote bila kutoa sababu na hutanyimwa matibabu. Kuna namba ya simu ya kulalamikia. Asiyejua kusoma anakuwa na shahidi, anaweka dole gumba, na nakala moja inabaki kwake. Yote hayo kwa tone la damu! Hata wale wanaojitolea kukaa usiku na mguu mtupu, wakimsubiri mbu atue wamnase kwa mrija kabla hajauma, kila mmoja ameelezwa hatari yake, anapewa dawa ya kinga na anapimwa malaria. Nyuma ya mtafiti kuna kamati ya maadili inayoweza kumfungia kazi yake akicheza.

Chanzo chako naye kaketi gizani na mguu mtupu. Hebu jaribu kumsomea fomu, uone kama utaimaliza. "Ndugu mshiriki, habari hii inahusu fedha zilizoliwa na bosi wako. Faida kwako: hakuna. Faida kwangu: ukurasa wa kwanza, na huenda tuzo. Madhara yanayoweza kutokea: kuhamishwa, kufukuzwa, kususiwa na jamaa wa bosi ambao ni majirani zako, kushtakiwa kwa Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 kwa picha ulizonitumia WhatsApp, na mengine ambayo siwezi kuyataja mbele ya watoto. Una haki ya kujitoa wakati wowote, isipokuwa baada ya saa kumi jioni, mhariri akishapanga ukurasa. Dawa ya kinga: hakuna. Namba ya kulalamikia: ni hii hii yangu, ila huwa naizima nikiwa safarini."

Utaniambia ipo Sheria ya Kuwalinda Watoa Taarifa na Mashahidi, ya mwaka 2015. Ipo. Isome vizuri. Inamlinda anayepeleka taarifa kwa mamlaka husika. Wewe, pamoja na heshima zako zote, si mamlaka husika. Nyuma ya mashine ya kukoboa hamna mamlaka husika hata moja.

Kuficha jina nako ni fani. Mjini Dar es Salaam ukiandika "chanzo chetu ndani ya wizara" umewaficha watu elfu. Huku ukiandika "mtumishi mmoja wa idara ya ardhi aliyeomba jina lake lisitajwe" umetaja ofisi yenye watu watatu, mmoja yuko likizo ya uzazi na mwingine hajui kuwasha kompyuta. Ukiongeza "huku akitikisa kichwa kwa masikitiko", umemalizia, maana anayetikisa kichwa pale ofisini ni mmoja tu. Vijana wa bodaboda watakuwa wamelitaja jina kamili na la baba yake kabla gazeti halijafika Mlimba.

Tuseme umenusurika hapo, ukaamua ufanye ile habari kubwa ya bonde, ya mifugo. Nakutahadharisha kuhusu neno "wavamizi". Mkulima anamwita mfugaji mvamizi. Mfugaji, ambaye baba yake aliingia na ng'ombe kutoka Usukumani zamani hizo na watoto wake wamezaliwa hapahapa, anamwita mvamizi aliyelima mpunga kwenye njia ya kwenda mtoni. Hifadhi inawaita wote wawili wavamizi. Bonde liliingizwa kwenye orodha ya Ramsar ya maeneo oevu mwaka 2002. Mwishoni mwa 2012 ikaja operesheni iliyoondoa mifugo kwa malaki. Mwaka 2023 sehemu yake ikapandishwa hadhi kuwa pori la akiba. Kila hatua ina karatasi zake, faini zake na watu wenye vidonda. Ukija kwa siku tatu, ukapiga picha ya ng'ombe ndani ya mpunga, ukakipa kichwa cha habari jina la kabila, umefanya kazi ya mtu mwingine bila malipo. Mkoa wetu huu wa Morogoro unaijua gharama: Desemba 2000 watu 38 waliuawa kwa siku moja Rudewa Mbuyuni, Kilosa. Sisemi gazeti ndilo lililoua. Nasema mhariri aliyeko Dar es Salaam anayetaka kichwa "kichangamke" hajawahi kulala kijiji chenye pande mbili.

Au ufanye Mngeta. Shamba la mpunga la zaidi ya hekta 5,000, lilikuwa chini ya RUBADA, iliyokuwa mamlaka ya kuendeleza Bonde la Rufiji, likapewa mwekezaji, wafadhili wa Ulaya wakaingiza fedha, wakubwa wakaja kupigiwa ngoma. Mwaka 2015 taasisi ya Oakland ya Marekani ikatoa ripoti ikisema wakulima wadogo wameumizwa. Kampuni ikakataa, ikajibu kwa hoja zake. Miaka michache baadaye mradi wenyewe ukaelemewa na madeni ukaanguka. Mwandishi asiye na wasiwasi ataiona hiyo kama habari iliyokwisha kwa haki kutendeka. Ukifika Mngeta waulize kwanza waliopoteza mashamba, kisha vibarua waliopoteza mshahara, na ukikuta ni mtu yuleyule usishangae wala usimwondoe kwenye habari kwa sababu anakuvurugia mtiririko.

Kuhusu bahasha nitakuwa mfupi. Utapewa. Itaitwa nauli, ya maji, ya vocha, kamwe haitaitwa kwa jina lake. Mwandishi wa mkoani anayelipwa kwa kila habari iliyotoka, tena baada ya miezi, akikataa bahasha anarudi kwa miguu. Akipokea, wanamwita kanjanja. Wanaomwita hivyo wengi wao wana mshahara na bima. Usipokee. Lakini punguza kuhubiri.

Sasa hatari kwako binafsi. Miongozo mingine huanza na hapa, kwa sababu hapa ndipo mwandishi anapendeza. Huna haja ya kusoma habari za ng'ambo, simama tu Ifakara utazame pande zake. Magharibi, kule juu ya milima reli ya TAZARA inakopanda baada ya Mlimba, ni Mufindi. Huko, katika kijiji cha Nyololo, tarehe 2 Septemba 2012, Daudi Mwangosi wa Channel Ten, mwenyekiti wa klabu ya waandishi wa Iringa, aliuawa katikati ya kundi la polisi, mchana, kamera zikiwaka. Askari mmoja alihukumiwa miaka 15 mwaka 2016, kwa kuua bila kukusudia. Mashariki, fuata maji. Kilombero inaingia Rufiji, na Rufiji inamwaga maji baharini kupitia wilaya ya Kibiti. Huko ndiko alikokuwa Azory Gwanda, mwandishi wa kujitegemea wa Mwananchi, akiandika mauaji ya viongozi wa vijiji na polisi ambayo wengine waliyazungukia kwa mbali. Novemba 21, 2017 alifika na gari lenye watu hadi shambani kwa mkewe, akamwomba ufunguo wa nyumba, akasema ana safari ya dharura na angerudi kesho yake. Mke aliporudi alikuta nyumba imepekuliwa. Hakuna aliyemwona Azory tena.

Nimeutaja ufunguo makusudi. Tunaposema mwandishi alijitoa mhanga, tunasahau kwamba kuna mtu mwingine alikuwa shambani na jembe, hakuandika hata mstari, na hakuulizwa kama yuko tayari. Mwandishi Erick Kabendera alikamatwa Julai 2019, akasomewa mashtaka yakiwamo ya utakatishaji fedha ambayo hayana dhamana. Mama yake alifariki siku ya mwisho ya mwaka huo. Mwanawe hakuruhusiwa kwenda kumzika. Aliachiwa Februari 2020, baada ya makubaliano na upande wa mashtaka na malipo ya mamilioni. Kwa hiyo kabla hujapanda basi la kuja huku, kaa na watu wa nyumbani kwako uwasomee nao ile fomu. Usishangae mama akikuuliza swali moja gumu kuliko yote ya mhariri: kwani wenzako wote wamekufa mpaka uende wewe?

Jibu unalo, na ni la kweli: mtu asipokwenda, zile karatasi zinabaki chini ya mchele. Darasa linaendelea kutojengwa huku kwenye vitabu limekamilika. Mgambo anaendelea kutoza faini isiyo na risiti. Mimi sijaona mtaa uliopona kwa semina. Ninachokuomba ni usilitumie jibu hilo kumlipisha deni lako mtu mwingine.

Habari ikitoka, mambo yatakwenda kama ifuatavyo. Waziri atapita, atasimama, atauliza hizi fedha zimekwenda wapi, watu watapiga makofi. Kamati itaundwa. Kazi ya kwanza ya kamati, kabla ya fedha, itakuwa kujua nyaraka zilitokaje. Karani atapata "uhamisho wa kawaida", barua Ijumaa, kuripoti Jumatatu, katikati ya masika. Bosi wake atapangiwa kazi nyingine, na katika Kiswahili cha serikali hilo si lazima liwe baya. Wewe utapeleka kazi yako kwenye tuzo za Baraza la Habari na huenda ukashinda. Kwenye picha utatoka umependeza. Halmashauri italeta gazetini tangazo la kurasa mbili, na mhariri, mtu mwema, atakwambia ile stori sasa imepoa.

Kisha karani atapiga simu. Utaiangalia ile namba inaita, utadhani anataka lawama, au nauli, au barua ya kumtetea, na una haki ya kuogopa, kwa sababu huna hata kimoja cha kumpa. Pokea. Ataanza kukuuliza hali ya familia, na ya kazi. Atakwambia huko alikohamishiwa mtandao unapatikana kwenye kichuguu kimoja tu na yuko juu yake sasa hivi. Halafu atauliza: "Mwandishi, sehemu ya pili inatoka lini? Maana zile karatasi nyingine nilishazitoa kopi kabla hawajanihamisha."